Mpishi wa Kilima cha Antena

Jumamosi, 8 Machi 2025
Wazazi wa Destin, kijana anayetaka kumwoa binti yangu Ornella, walikuja kujitambulisha, hapa kwetu St Marys. Baba yake, Vénérand, mpole. Mama yake, Cécile, anaona mpaka vumbi chini ya kochi. Niliwaambia ninachowaambia wote tangu tufike Australia: vitani nilikuwa mpishi wa jeshi. Ornella akasema, kwa Kiingereza chake, kwamba basi jeshi hilo lilikufa njaa. Wote wakacheka. Mimi pia!

Kisha tairi la lori likapasuka barabarani. Mdomo wangu ukafunguka wenyewe, viganja masikioni. Ndivyo tulivyofundishwa kwenye mizinga — ukifunga mdomo, masikio yanapasuka. Kuinua macho, Vénérand naye mdomo wazi.

Jumapili, 9 Machi
Baada ya ibada Vénérand alinivuta pembeni.

"Mpishi hafungulake mdomo vile. Weye ulikuwaka ku mizinga."

Nikakubali. Naye alikuwa kwenye mizinga, upande wa pili. Tulikaribia kucheka. Halafu akauliza kilima gani. Akaniambia mama mzazi wa mkewe Cécile aliuawa na kombora katika soko la Luhembwe, siku ya Alhamisi. Kombora lilitoka kilima cha antena, Cécile anajua. Nikasema nimesahau. Mwongo mimi.

Jumanne, 11 Machi
Zamu ndefu ghalani. Sijasahau kitu. Kilima cha antena, miezi mitano, mizinga miwili, watu sita. Soko hatukuliona kamwe. Redio inataja nambari, nazungusha gurudumu la kulengea, mwenzangu anatumbukiza kombora, tunafungua midomo. Redio ikisema "vizuri", tunaenda kula. Alhamisi moja ilisema "vizuri sana". Tukapewa bia. Bado nakumbuka ilivyokuwa baridi, na naona aibu.

Ijumaa, 14 Machi
Kesho posa. Vénérand kapiga simu. Yeye hatamwambia mkewe.

"Sema weye mwenyewe, mbele ya posa. Batoto basioane juu ya bongo."

Bongo, yaani uongo wangu wa upishi.

Ornella anapiga pasi kitenge, anaimba. Nilimwita akae. Akakaa. Nikamuuliza kama wali utatosha.

Jumamosi, 15 Machi
Gari lao limeingia uani. Cécile wa kwanza kushuka, kabeba sufuria ya maharagwe — anataka mpishi ayaonje. Vénérand nyuma yake, ananitafuta dirishani. Ornella anakwenda kufungua mlango. Mimi bado mezani na kalamu. Mdomo uko wazi, na hakuna kilicholia bado.