Bi Hisako na Waimbaji wa Jeppestown

Bellevue, Johannesburg

Mama yangu mpenzi,

Shikamoo. Naomba barua hii ikukute mzima, na lile goti liwe limeacha kukusumbua. Mimi sijambo kabisa. Baridi ya huku imeanza kuuma, lakini nina furaha inayonitosha badala ya blanketi.

Uliniuliza kwenye simu kazi yangu kwa yule mama wa Kijapani ni ipi hasa, nikashindwa kueleza. Bi Hisako ni mtayarishaji wa filamu. Waigizaji huonekana, mwongozaji husifiwa. Yeye hutafuta fedha, watu na vibali, hupatanisha waliogombana, na picha zikianza kupigwa husimama nyuma ya taa. Ameifanya kazi hiyo kwao Japani miaka arobaini. Alipokuja hapa kutengeneza filamu ya fundi wa Kijapani anayemtafuta binti yake, alinichukua niwe mkalimani, maana kwa Kiingereza tunaelewana, na Kizulu nimekiokota sokoni. Haukupita muda nikawa msaidizi wake.

Tulikuwa tupige picha Jeppestown, kwenye karakana kuukuu jirani na hosteli ya wafanyakazi. Asubuhi ya kwanza wakazi wakafunga barabara. Walikuwa na haki: tuliweka vizuizi mlangoni kwao bila kuwauliza. Mwongozaji alipandwa na hasira, akaamuru vyombo vifungwe. Wakubwa wa kampuni huko Tokyo nao wakapiga simu, kazi isimame.

Bi Hisako akanishika mkono tukawaendea. Aliinama mbele yao mpaka nikauhurumia mgongo wake. Akasema, nami nikatafsiri, "Tumeingia kwenu bila kupiga hodi. Kosa ni langu." Mkubwa wa hosteli, Baba Khoza, akamwuliza mbona hajapata kumwona kwenye televisheni, kama kweli ni mtu wa filamu. Akajibu, "Ukiniona mimi, ujue kuna kitu kimeharibika." Eish, Mama, walicheka wale watu! Baba Khoza akasema barabara tutapewa, ila kwaya yao ya wanaume wa hosteli iimbe ndani ya filamu. Mwongozaji hakutaka kusikia. Bi Hisako akaingia naye garini, wakafunga vioo. Walipotoka, hadithi ilikuwa imebadilika na kwaya imepata nafasi, naye akawapigia Tokyo mpaka wakaruhusu kazi iendelee.

Mwezi uliopita filamu ilioneshwa kwenye tamasha la filamu huko Tokyo, nasi tulikuwapo pamoja na Baba Khoza. Wanaume wale walipomzunguka yule fundi wakaimba, watu ukumbini walisogea mbele kwenye viti vyao. Ilipokwisha, watu wote wakasimama, makofi hayakatiki. Baba Khoza, na suti yake mpya, alilia waziwazi. Tukapewa tuzo kubwa ya tamasha.

Sasa lile ambalo nimelizuia nisiliseme kwenye simu. Majina ya watayarishaji yalipopita kwenye skrini, yalikuwa mawili. La pili lilikuwa Zuhura Nassir. Jina la marehemu Baba, Mama, limejaa ukuta mzima! Bi Hisako akaninong'oneza kwamba yeye sasa anapumzika. Filamu ijayo ni yangu, kwa Kiswahili, na itapigwa huko kwetu Tanga.

Wasalimie Shangazi Masika na majirani wote. Waambie nakuja, na safari hii nakuja kazini.

Mwanao akupendaye,
Zuhura