Kikombe cha Kiwanja Namba Kumi na Saba

Kambi ya Pascoe,
Port Merrin,
14 Novemba 2023

Kaka Murray,

Nakusalimu wewe, wifi yangu Noreen na wajukuu wote waliojazana humo ndani. Goti linaendeleaje? Noreen aliniambia kwenye simu kwamba daktari amekukataza kupanda ngazi na wewe bado unapanda. Haya, panda, ila ukianguka usitafute wa kumlaumu. Mimi sijambo, mgongo tu ndio unaninung'unikia asubuhi. Kifurushi kilichokuja pamoja na barua hii naomba usikifungue mpaka umalize kusoma. Nakujua, hapo ulipo umeshakipapasa. Kiweke chini.

Saluni nimeikabidhi kwa yule msaidizi wangu, miaka thelathini na minane ya kukata nywele za watu imetosha. Wateja waliponiuliza nitakwenda kupumzika wapi, walidhani nitataja kisiwa cha Bali. Nikasema nakwenda Port Merrin kwa barabara ya zamani ya pwani. Mmoja akacheka akaniuliza kule kuna nini zaidi ya nzi. Nikamwambia nzi wale wale nimewatamani miaka arobaini.

Basi nimekuja peke yangu, polepole, nikisimama kila mahali Baba alipokuwa akisimamisha gari na karavani lake, ile nyumba ya kukokotwa, nyuma. Yule ndege mwari wa saruji tuliyekuwa tukipigwa naye picha bado yupo pale kituo cha mafuta, lakini mdomo umevunjika na wameufunga kwa waya. Nikamwomba mwenye kituo anipige picha. Nilipoitazama nikaona nimesimama pembeni kabisa kushoto, kumbe nimekuachia nafasi yako ya kulia. Yule bwana akasema picha imekaa vibaya, tupige nyingine. Nikakataa.

Kilbarra duka la mikate lipo, na bado wanachonga herufi ya jina kwenye pembe ya kila pasti, ile mikate ya nyama, ili mtu asile ya mwenzake. Binti wa dukani akaniuliza niandikiwe herufi gani. Kabla sijafikiri nikamjibu R, M na C, yangu, yako na ya Baba, kama Baba alivyokuwa akiagiza tangu Mama alipofariki tukabaki watatu. Akauliza wenzangu wako wapi. Nikasema wanakuja nyuma. Nilikula yangu. Yako, nisamehe, waliila shakwe. Ile ya Baba nilisafiri nayo siku mbili kwenye kiti cha mbele mpaka ikaanza kunuka.

Nilifika pia kwenye kile kidimbwi cha mawe ulikonifundisha kuelea. Unakumbuka uliniambia nijifanye pweza aliyekufa? Nimejifanya tena, kikongwe mzima na kofia yangu ya kuogelea. Maji ni yale yale, ya vuguvugu juu na baridi miguuni. Nikalia humo humo majini, maana humo hakuna anayejua.

Jumamosi mchana nikaingia Port Merrin. Gati limefupishwa, sinema ya magari imebaki nguzo, lakini kambi yetu ya likizo ni ile ile, na watu wazima bado wanatembea kwenye maji ya magotini na reki zao wakitafuta kaa, wanasema wanapumzika. Mama Pascoe alishafariki. Mwanawe Wendy ndiye mwenye kambi sasa, mnene, mcheshi, mdomo kama wa mama yake. Akaniambia nywele zangu nimezikata mwenyewe gizani. Nikamwambia hata zake zinaonekana zimekatwa na kaa. Tukawa marafiki papo hapo.

Akanipeleka jikoni, lile jiko la wote lenye paa la bati. Kaka, misumari ipo! Ukutani safu nzima, kila msumari na namba ya kiwanja chake, na vikombe vya bati vya familia vikining'inia, kama zamani. Wendy akasema hawaandikishi mtu, hawapokei simu. Unatundika kikombe chenu siku ya kuondoka Januari, kiwanja ni chenu mwaka ujao. Mwezi ukiisha msumari ni mtupu, anapewa anayesubiri. Nikamwambia najua. Akaniuliza tulikuwa namba ngapi. Nikaigusa kwa kidole, kumi na saba.

Sasa, kaka, nimefika kwenye jambo lililonileta. Nimeendesha siku nne nikilizunguka, na hata katika barua hii umeona nilivyolizunguka.

Januari ile ya mwaka themanini na nne, kikombe ulikitundika.

Ulikitundika, nami nilikuona. Ulikipangusa kwanza na shati lako, ukakigeuza mpini utazame mlango, kama Baba alivyokufundisha alipokupa kazi ile ukiwa na miaka kumi na sita. Tulipokuwa tumeshapanda gari, mimi ndiye niliyesema nimesahau taulo. Nikarudi mbio jikoni nikakitungua, nikakificha chini ya nguo zangu mbichi za kuogea. Taulo lilikuwa shingoni mwangu muda wote, na hakuna kati yenu aliyeliona.

Utauliza kwa nini. Kwa sababu ya Keith Tonkin wa kiwanja namba kumi na nane, basi. Majira matatu ya kiangazi aliniambia ananisubiri nikue. Mwaka ule, siku ile ya kuchoma nyama, akasimama mbele ya watu wote na bia mkononi akatangaza kwamba amemchumbia msichana wa Adelaide. Mimi nikapiga makofi pamoja na wengine. Nilikuwa na miaka kumi na tisa. Sikuweza kufikiria kulala mwaka mwingine nikisikia kicheko chake kupitia turubai. Nilidhani Mama Pascoe atatupa kiwanja kingine, mbali kidogo. Sikujua kwamba wanaosubiri ni wengi hivyo, naapa sikujua.

Desemba tukafika, tukakuta watu na mbwa wao pale petu. Nakumbuka Baba alivyovua kofia kana kwamba ameingia msibani. Akakuuliza mbele ya kambi nzima, ukaapa ulikitundika, na Mama Pascoe akasema yeye alikuta msumari mtupu. Baba akasema amekupa kazi moja tu maishani. Ukamjibu kwamba kama neno lako si kitu kwake, basi hana mtoto. Mimi nilikuwa nimeshika pochi yangu, nikitazama mchanga. Mwezi uliofuata ukaenda zako Darwin, na Baba hakukanyaga pwani tena.

Hilo ningeliita ujinga wa ujana, na pengine ungenisamehe. Lililo baya zaidi ni hili.

Siku tatu kabla Baba hajafa, nilikuwa naye hospitali, namkata kucha. Akaniuliza ghafla kama Murray alikitundika kile kikombe. Miaka kumi na mitano ilikuwa imepita, na bado alikuwa nalo moyoni. Nikamwambia ndiyo, Baba, alikitundika, nilimwona kwa macho yangu. Hakuuliza zaidi. Akageukia dirisha mpaka nikamaliza mkono wa pili. Kisha akasema: "Basi nilimwonea mwanangu. Mwambie Murray nimekosa. Mwambie arudi, twende tukatafute kaa."

Siku ya mazishi ulisimama getini na suti ya kuazima, ukaniuliza kama Mzee alisema lolote juu yako. Nikakujibu kwamba siku za mwisho hakuwa na fahamu. Kwa sababu ukishajua alichosema, ungeuliza alijuaje. Niliona uso wako ulivyojifunga, kaka. Nilikuwa nauona hata nikikata nywele za watu. Umekaa miaka ishirini na minne bila maneno ambayo yalikuwa yako, na mimi nilikuwa nayo mdomoni. Sikuombi uniambie si kitu. Ni kitu.

Wendy anasema wale watu wa kumi na saba wamezeeka, juzi tu wametuma neno kwamba hawarudi tena, na msumari uko wazi. Akanihimiza nitundike chochote, hata kikombe cha dukani. Nikamwambia kwetu kazi hiyo si yangu. Amekubali kuuacha mtupu mpaka mwisho wa Januari. Mimi nitakuwa hapa kuanzia Krismasi, nimenunua reki mbili. Usipokuja nitaelewa, na kiwanja kitakwenda kwa wengine, na sitakusumbua tena kwa hilo.

Mbusu Noreen kwa niaba yangu, uwaambie wajukuu kwamba bibi yao huyu ameona mwari aliyefungwa mdomo kwa waya. Mungu akulinde, na goti lako pia.

Sasa fungua kifurushi. Mpini utazame mlango.

Ni mimi mdogo wako,
Roslyn