Sura ya papa ku depo ya mbali

Juma tatu, tarehe 3, mwezi wa tatu

Nimefungua kibanda changu cha enternete mapema, mbele makelele ya bandari ianze. Ile saa rezo, mutandao, ni nyepesi, mega zinashuka kama pirogi, mutumbwi wenye kufuata maji. Nimeteremusha vitu vya makliya, wateja wangu: nyimbo, mieleka, mahubiri.

Ku komputa yangu kuko kibutoni kidogo cha buluu. Ukiona kitu ku enternete, foto ao ukurasa, unafinya, kinakitupa ku depo ya mbali. Komputa iibiwe, kibanda iungue, kitu iko kule. Mi nafikiriaka ile depo kama depo ya gare, gala ya mizigo ya treni, lakini haina mulango, na mulinzi wake halalake.

Kinyozi wa jirani ametaka foto ya treni ya zamani kwa kupamba salon yake. Natafuta, naanguka ku siti ya enternete ya muzee mumoja wa Ulaya, mwenye alitumika kazi ku gare yetu mbele vita ianze. Foto mingi. Chini ya moja kuko majina. "Omari, mutu wa frein," breki za treni.

Papa. Baba yangu.

Nimefinya kibutoni. Sijacheka. Mi mwenye kuchekaka hata ku matanga.

Juma nne, tarehe 4

Nimemuambia mama. Alikuwa anatwanga sombe, majani ya muhogo. Mutwangio umebakia juu.

Vita ilipofika Kindu, nilikuwa ku mugongo ya mama, tukakimbilia pori, njia ya Pangi. Papa alibakia kuchunga treni. Hakurudi. Nyumba iliungua na mafoto yote. Matanga yake haijafanywa mupaka leo. Kwetu foto ya marehemu inakaa ku kiti, watu wanalilia ile sura. Kiti tupu, utalilia nini? Mama alishanipa siri: sura ya papa inaanza kumuponyoka. Mi siijui kabisa.

Ule muzee wa Ulaya ameandika kama amechoka, siti ataifunga Juma mosi. Nimecheka. Mi niko na depo.

Juma tano, tarehe 5

Mama amekuja ku kibanda na kikwembe chake cha misa. Nimefungua depo, nimekuza foto. Uso wa papa umekuwa fufu, kama ugali. Vipande-vipande vya rangi ya majivu. Mama ameweka kidole pale, ameuliza pole pole: "Njo huyu?"

Kosa ni yangu. Kwa kuchunga mega, komputa iko siku zote ku ekonomi: mafoto inafika ndogo, na kibutoni kimetupa ile ndogo. Wenye vibanda wote tunafanyaka vile. Kwa nyimbo haina neno. Kwa papa iko neno.

Nimetaka kurudi ku siti. Mvua imeanguka, rezo imeenda nayo.

Alhamisi, tarehe 6

Rezo haiko. Makliya wamenichokoza, mufalme wa enternete bila enternete. Nimeinamia komputa, nangojea rezo. Wamefikiri niko na malaria.

Muchana nimesinzia mu kibanda, nimeota depo. Ndefu, haina mwisho, muto Lualaba unapita chini ya mbao. Mafoto yote ya nyumba zenye ziliungua iko imepangwa pale. Wanaume wa gare wamekaa, kofia ku magoti, wanangojea mutu aite majina. Mumoja alinigeuzia mugongo. Nilitaka kumuita. Nikaamka.

Ijumaa, tarehe 7

Wamesema rezo ingine iko inapita ng'ambo ya muto, ku Alunguli. Nimefunga komputa mu plastiki, nimeiweka mu beseni, nimepanda pirogi. Mwenye pirogi ameuliza kama nimebeba mutoto. Nimesema hapana, ni papa yangu. Amesogeza beseni mbali na maji.

Siti ilikuwa ingali wazi. Nimetoa ekonomi. Foto inashuka mustari kwa mustari: paa ya gare, kofia, kofia ingine. Nimefunga macho. Mama njo ataona wa kwanza.

Nimefinya. Depo imekataa, imejaa. Imejaa nini? Video za vichekesho vyangu. Miaka yote, mi mbele ya telefoni, naiga polisi, pasta, mbuzi. Batri ilikuwa inaisha. Nimefuta vyote. Hata mbuzi.

Nimefinya tena. Imeingia.

Juma mosi, tarehe 8

Siti haiko tena. Ukurasa mweupe. Ku depo, papa iko.

Mama ameangalia murefu. Wanaume wote wamesimama kavu, kama foto ya karte ya kitambulisho. Mumoja tu, kinywa wazi, macho imefungwa, anacheka. Mwenye iko pembeni yake anajiuma midomo.

Mama ameweka kidole ku ule mwenye kucheka, naye amecheka. Kisha amelia. Kisha amesema: "Kumbe hii sura niko naipakulia chakula kila siku, na naigombeza."

Juma pili, tarehe 16

Matanga imefanyika. Watu wamelilia foto ku kiti, wengine wamecheka kidogo, haikuwezekana kuacha.

Leo kiti kimerudi ku meza. Foto iko ku ukuta.

Mama ameketi ku mulango, ameomba nimuchekeshe. Nimetafuta mu kichwa, vichekesho vyote vimepotea. Nimefanya tu mbuzi.