Mzunguko wa Kwanza

Shija, mwanangu,

Sikukuzaa, lakini aliyekufundisha kurusha ndege ni mimi, na ulikuwa ukiniita Baba mbele ya watu bila kuona haya. Nakuandikia nikiwa kitandani, hapa nyumbani Shinyanga. Mistari inapinda. Utanivumilia.

Masikio yangu yamekwisha. Mkeo, Mama Kulwa, akiniletea michembe ya viazi vitamu na mtindi, lazima apaze sauti ndipo nimsikie. Lakini ndege yako naisikia. Kila jioni, ng'ombe wanaporudi kutoka majini, injini inapita juu ya bati langu, inaelekea upande wa Geita, inafifia. Najua inapaswa kugeuka, irudi, itue. Nangoja. Hairudi.

Unakumbuka nilivyokufundisha kwenye ule uwanja wa vumbi kule Geita? Pita kwanza chini chini, ng'ombe wasikie, wakimbie. Zunguka, ndipo utue. Ukishashuka, wachungaji walikuwa wakikutania: "Kapteni, unatufukuzia ng'ombe kama fisi!" Nawe unawajibu, "Fisi gani anapiga kelele kabla ya kuja?"

Kisha ikaja kampuni ya nauli nafuu. Watu wa dhahabu walijaa, kila mmoja anataka kufika Mwanza na kurudi siku hiyohiyo. Mkaletewa mikataba mipya: usiporuka hulipwi, hata uwe na malaria; miezi michache ikiisha, unaomba kazi upya kama mgeni, na mafuta yakizidi kipimo cha safari, rubani anakatwa mshahara. Ulinisomea kifungu hicho cha mafuta tumekaa kwenye kivuli cha bawa la ndege. Ukasema, "Baba, aliyeandika hiki hajawahi kuona ng'ombe. Huyu anadhani nyama inaota buchani."

Tukacheka. Nilicheka kuliko wewe.

Shija, nilikiandika mimi.

Bosi hakujua mambo ya marubani. Macho yalikuwa yamenikatalia kuruka, akaniita ofisini, mimi mkongwe na msomi, nimsaidie kupunguza gharama. Nilipewa chai, nikaona raha kuulizwa. Nikamwambia mzunguko wa kwanza unameza mafuta bure siku ambazo uwanja uko wazi, nikamwandikia kifungu kile. Ningeweza kukuambia palepale chini ya bawa. Ningeweza kurudi kwa bosi, nikamwomba akifute. Nikacheka.

Ulikatwa. Ukakatwa tena. Halafu ukaacha kuzunguka. Jioni ile ulitua moja kwa moja, na ng'ombe wakatokea ndani ya vumbi. Abiria wote walitoka wazima. Wewe hukutoka.

Kampuni iliwaambia waliokuja kuchunguza kwamba rubani alizembea, hakuzunguka uwanja. Wakaniuliza kama nilikufundisha kuzunguka. Nikajibu, "Nilimfundisha." Nikaishia hapo. Mama Kulwa alikuwa ameketi mbele yangu, ananitazama.

Tangu siku hiyo anaamini ulikufa kwa uzembe wako. Huwa ananiambia, "Baba, laiti angekusikia." Kisha ananikorogea uji. Sina mwingine wa kunikorogea uji, Shija. Ndiyo maana nimenyamaza. Si aibu peke yake. Ni njaa pia, na woga wa kufa hakuna mtu mlangoni.

Daktari ameacha kunipa tarehe za kurudi hospitali. Kwa hiyo sikia ninachokuahidi. Kesho Mama Kulwa akija, kabla sijagusa chakula chake, nitamwambia. Sitamwachia barua hii asome nikiwa nimeshazikwa. Nitasema kwa mdomo wangu, nikimtazama kama alivyonitazama siku ile. Akipiga kelele, nitamsikia. Asipokuja tena, ni haki yake. Kulwa na Doto wakue wakijua kwamba baba yao alikuwa rubani mzuri, na kwamba aliyemnyima mzunguko ana jina, na jina lake ni hili langu.

Injini inapita sasa hivi. Zunguka, mwanangu. Zunguka hata jioni nzima, mpaka ng'ombe wa mwisho aondoke. Hakuna tena wa kukukata. Mimi niko huku chini, natazama.

Baba yako wa angani,
Luhende