Ijumaa Utachoma Wewe

Mtani wangu Bakari,

Nijibu kwanza: ulijua au hukujua? Najua marehemu hajibu barua, lakini kwako hata hilo nalitilia shaka, kwa sababu sikuwahi kukuona ukikosa jibu. Kwa hiyo nakuuliza, na kabla sijamaliza nitakuuliza tena.

Ni mimi Mwikali. Nimetoka kazini sasa hivi, pale kliniki ya Al Sadd, na bado nimevaa kile kitambulisho ulichokuwa ukikiita kengele ya ng'ombe. Mambo yamebadilika. Hoteli yenu imempa dereva mwingine gari lako, naye ameiondoa ile tasbihi uliyoining'iniza kwenye kioo. Kombo alijaza magunia ya mchele kwenye chumba cha nyuma ya mgahawa wake, pale pale tulipokuwa tukitundika shuka nyeupe. Nilipomuuliza sababu alisema mchele unataka mahali pakavu. Nikamwangalia sana. Doha hii nzima, pasipo pakavu ni wapi? Nashuku hakutaka tu kukiona chumba kile kikiwa kitupu, na kwa hilo simlaumu.

Unanijua, mimi ni mtu wa kushuku. Mtu akinisalimia mara mbili nauliza anataka nini. Hata wewe siku ya kwanza nilikushuku. Dereva wa hoteli, mrefu kama mlango, anamwambia mhudumu wa mapokezi wa kliniki asiyemjua kwamba ana sauti nzuri na aje Ijumaa nyuma ya mgahawa? Nilikuja na wenzangu wawili na nikakaa karibu na mlango.

Siku hizi watu wakiniuliza tulikuwa tunafanya nini pale, nashindwa kuwaeleza vizuri. Nasema tulitafuta picha mbovu kabisa, tukaizima sauti, tukakaa kando ya shuka na maikrofoni moja, tukaisemea. Wananitazama tu. Nawaambia kwamba wewe ulianzia kwenu Tanga, kwenye kibanda umiza, yale mabanda ya kuonyeshea video, ukiwatafsiria watu picha za lugha ambazo hata wewe hukuzijua, na kwamba uliposhindwa kuelewa ulitunga, na watu wakaipenda ile ya kutunga. Hapo ndipo wanaanza kucheka. Lakini ilibidi mtu awe pale Ijumaa, baada ya swala ya alasiri, chai ya Kombo ikipita mkono kwa mkono, walinzi na mayaya na wapishi wamebanana kwenye mazulia, naye Kombo akipiga kelele mlangoni, "Yalla, yalla, ingieni, picha mbovu haingoji mtu!"

Tuliyoipenda kuliko zote ilikuwa ile ya mamba. Aliyeitengeneza, Mungu ndiye anayemjua, lakini mgongoni mwa yule mamba zipu ilionekana kutoka shingoni mpaka mkiani. Ulipoiona mara ya kwanza ulisema, "Mamba huyu kashonwa kwetu Ngamiani, na fundi kaenda kuswali kabla hajamaliza." Watu walicheka mpaka chai ikamwagika. Mimi nilikuwa yule mwanamke wa kando ya mto, anayepiga mayowe kabla mamba hajatokea. Nilipojaribu kumsemea kama mwigizaji ulinikataza. "Mtani, semea kama uko pale mezani kwako." Basi mamba akaibuka, nami nikamwambia, "Bosi, uko na apointimenti? Hapana, usipande huku. Shika namba, keti." Nawe ukajibu kwa sauti nzito ya mamba, "Dada, mamba hana apointimenti. Mamba ana njaa."

Siku ile nilijua nimepata mahali pangu. Nimekaa nchi hii miaka nikisema "yes sir" na "next please", na hapo ndipo kwa mara ya kwanza watu walipocheka kwa sababu ya kitu nilichokisema kwa lugha yangu, nikiwa nimetaka wacheke.

Uliniita mtani tangu mwanzo. Kwetu Kenya utani ni mzaha tu. Wewe ukanieleza kwamba kwenu mtani ana cheo. Anaruhusiwa kukusema lolote, hata msibani kwako, na kitu kimoja tu asichoruhusiwa ni kukuonea huruma. Nilidhani umetunga, kama kawaida yako.

Halafu akaja Adhiambo.

Nesi, Mkenya mwenzangu, anaishi Muaither. Alikuwa anakuja kila Ijumaa na mkoba asiouweka chini. Sikumpenda tangu siku aliyopiga kelele kutoka nyuma, "Mzee, zipu yako iko wazi!" na chumba kizima kikacheka kuliko kilivyowahi kucheka kwa maneno yangu. Wewe mwenyewe ulicheka mpaka ukakosa kumsemea mamba. Nikaanza kuangalia. Kabla ya kila picha mlikuwa mkiingia stoo ya Kombo, wewe naye, dakika chache, mlango umefungwa. Ukitoka umekunja uso na unashusha mkono wa shati. Nikiwauliza mlikuwa wapi, wewe unasema mlikuwa mnatafuta waya, na Adhiambo anatazama dari. Kikulacho ki nguoni mwako, nikajiambia. Nilikuwa na hakika unamfundisha kazi yangu.

Alhamisi ile nilifungua kompyuta yetu ya picha ili niiweke tayari, na ujumbe wako kwa Adhiambo, uliosahau kuufunga, ulikuwa wazi pale kwenye kioo. Sikuutafuta. Sawa, niliusoma mara tatu, lakini sikuutafuta. "Ijumaa utachoma wewe. Mwikali asijue."

Bakari, mimi ni mtu wa Nairobi. Kwetu ukimwaibisha mtu mbele ya watu, umemchoma. Ukitoa siri yake, umemchomea. Sasa wewe unamwambia mwanamke mwingine kwamba Ijumaa atachoma yeye, na mimi nisijue. Ningeelewa vipi? Nilielewa kwamba mtanikalisha kwenye kile kiti, kisha Adhiambo atasimama nyuma anichekeshee watu mpaka niondoke mwenyewe kwa aibu. Nilikaa na hasira usiku kucha, na asubuhi nikakuandikia kwamba nina kazi. Ulijibu, "Sawa mtani. Kiti chako kipo."

Nikasema moyoni, tazama anavyojifanya.

Sikuwa na kazi. Nilikaa hapa kitandani, mahali ninapokuandikia sasa, nikihesabu saa, nikijiambia sasa mamba ametokea, sasa wanamcheka yule mwanamke, sasa Adhiambo amekaa kitini kwangu.

Jumapili ukafa. Walisema moyo. Walisema uliegesha gari sawasawa kwanza, ukazima injini, ukalaza kichwa kwenye usukani. Miaka yote ulikuwa ukiwatuliza watu picha ikiwa kali, "Tulieni, steringi hafi," yaani mwenye picha hafi. Nilikuchukia kwa neno hilo. Wanaume wakaenda kukuzika na mimi sikulia, kwa sababu bado nilikuwa nimekukasirikia, na sikujua mtu analiaje na hasira yake imekaa palepale. Simu yako ilikuwa imezimwa na nilikuwa bado nasubiri uombe radhi.

Juzi ilikuwa arobaini yako. Kombo alinipigia nije kusaidia jikoni, na nilipofika nikamkuta Adhiambo anamenya viazi. Nilivumilia viazi vitatu. Cha nne nikakiweka chini nikamuuliza mbele ya Kombo walikuwa wakipanga nini na wewe, na kwa nini alitaka kunichoma.

"Kukuchoma wewe?" akasema. "Mimi nilikuwa namchoma Bakari."

Nikasema sawa, basi alikuchomea kwa nani. Akaniangalia kama anavyomwangalia mgonjwa aliyekataa dawa. Kisha akaanza kucheka, kisha akaweka kisu chini na kuanza kulia, viganja vyote viwili usoni na maganda ya viazi yamemganda. "Sindano, Mwikali! Sindano ya sukari, ile ya mara moja kwa wiki, kila Ijumaa. Sisi tunasema kudunga, wao wanasema kuchoma. We, kwani hukujua?"

Kombo naye akainamia sufuria yake. "Mwanzo mie ndo nlokuwa nkimchoma," akasema. "Mkono ukinitetema, na yeye jitu zima hilo afumba macho kama mtoto. Ndo kila Alhamisi akimkumbusha Adhiambo, Ijumaa utachoma wewe."

Nikauliza kwa nini basi nisijue. Hilo nilitaka kulijua kuliko yote. Adhiambo alisema alikuuliza hivyo hivyo, na ulimjibu, "Mwikali akijua atanionea huruma, na mtani akishakuonea huruma si mtani tena. Nitakaa na nani pale mbele?"

Kumbe hukutunga ile ya utani. Mara moja katika maisha yako ulisema kweli, na mimi nikakosa kuiamini.

Kombo alikuwa ameirekodi Ijumaa ile yote kwenye simu, ili ampelekee mkewe Unguja. Akaniambia, "Wasema asiyekuwapo na lake halipo. Hebu sikiliza kwanza." Nimeisikiliza jana. Nimeisikiliza leo wakati wa chakula cha mchana, chooni kazini, na mgonjwa mmoja akagonga mlango kuuliza kama niko salama.

Adhiambo hakukaa kitini kwangu. Hakuna aliyekaa. Ulisemea mamba, ukasemea mwindaji, ukasemea hata ule mto, lakini yule mwanamke hukumgusa. Akifumbua mdomo, unanyamaza. Nasikia feni ya Kombo inazunguka, nasikia mtu anakohoa. Kisha unajibu: "Dada, mamba hana apointimenti. Mamba ana njaa." Na watu wanacheka, Bakari! Wanacheka nilichosema na mimi sipo. Uliniachia nafasi kila mahali, kwa kipimo changu hasa, hata pale ninapovuta pumzi.

Na mwisho wa picha. Unakumbuka mwisho, yule mwanamke amebaki peke yake kando ya mto, mdomo unaenda tu na hakuna anayejua anasema nini. Mimi huwa naita wagonjwa pale: "Namba saba. Namba nane." Ni maneno mafupi. Lakini kwenye rekodi umenyamaza kupita hapo. Nimekipima kimya kile kwa saa na ni kirefu kuliko maneno yangu yote. Nasikia unahema. Watu wameshaanza kuondoka, vikombe vinagongana, Kombo anamwambia mtu apite upande huu. Na wewe bado unangoja. Halafu kwa sauti yako mwenyewe, si ya mamba, unasema, "Sawa, mtani. Nimekusikia."

Ulisikia nini? Ndiyo maana nakuuliza kwa mara ya pili: ulijua? Ulijua nimekushuku? Ulijua moyo umechoka? Au ulikuwa unapoteza muda tu, mzee wewe, ukisubiri watu watoke ndipo uinuke polepole wasikuone? Nakushuku, Bakari. Nitakushuku mpaka na mimi nilazwe chini, na hakuna mtu ninayemkosa kama wewe.

Basi nenda salama, mtani, na huko uliko usiwatungie malaika maneno. Nimemwambia Kombo ahamishe mchele. Amehamisha bila kubisha. Ijumaa hii baada ya alasiri tunatundika shuka na kuiweka ile ile ya mamba. Adhiambo ataendesha kompyuta na sauti yako itatoka kwenye spika, nami nitakaa kwenye kiti changu na kujaza ulipoacha. Naahidi nitafika mapema. Naahidi sitakuonea huruma hata kidogo. Zipu ya mamba wako nitaisema mbele ya watu wote.

Ila ule mwisho sitaita wagonjwa. Yule mwanamke akifumbua mdomo kando ya mto nitasogea karibu na maikrofoni na kusema, "Bakari, nilikushuku bure. Nisamehe." Halafu nitanyamaza, nikusubiri unijibu.

Mtani wako,
Mwikali