Asiyetaka Asimame

Chonyonyo, Jumamosi usiku

Halafu nikapiga makofi. Mimi, ninayelipwa na chuo kuchunguza madikteta!

Leo kwenye mkutano wa wakulima wa kahawa, mwenyekiti wetu wa siku zote alisema, "Asiyetaka niendelee, asimame."

Nikaanza kuinuka. Mama akanivuta kitenge.

"Kaa chini, wewe! Kahawa yetu itabebwa na gari la nani?"

Nikakaa. Hakuna aliyesimama; watu wakapiga makofi, nami nikapiga. Mwenyekiti akapita akitugawia kahawa ya kutafuna, zile buni zilizochemshwa na kukaushwa. "Profesa wetu!" Nikampa shikamoo, nikatafuna. Nzuri, tena.

Miaka yote nahangaika kuandika kwa nini watu walinyamaza. Sikuwahi kufikiria kwamba pengine mama zao walikuwa wamekaa pembeni, wamewashika nguo.