Baba Aseel Chini ya Sinki

Al Khoud, Maskati

Kwa kaka yangu mpenzi Sinan,

Assalaam aleikum warahmatullah. Nnataraji waraka huu utakufika u mzima, kifua kimepoa, na lile goti limeacha kukusumbua kwenye ngazi. Wifi yangu msalimie sana, mwambie achari yake ya embe ndiyo kwanza imetwishia na tumeikosa. Sisi huku hatujambo, alhamdulillah, ila joto linatuonea. Barua anakuletea Reem mkononi, kwa vile anakuja huko Unguja ulikorejea, kupumzika na mumewe. Najua utashangaa kwa nini nimeandika na simu ipo. Kwenye simu weye kila mara waniwahi kusema, kaka, na leo nna neno nataka ulisikie mpaka mwisho.

Kwanza nikuchekeshe. Mwanangu huyu Reem kaninunulia mashine ya kusaga mabaki ya chakula. Hufungwa chini ya sinki, pale yanapopita maji. Unatia makombo, unafungulia maji, unawasha, inasaga kila kitu kikawa uji kikenda zake na bomba. Kisa ni taka. Kwa joto hili mfuko ukikaa jikoni kidogo tu, nyumba nzima inanuka vichwa vya samaki, na pipa liko mwisho wa njia, na mie miguu hiyo sina tena.

Nilimwambia Reem kuwa bibi yake angeiona mashine hiyo angelia. Unalikumbuka jiko letu la Matrah, juu ya duka la vitambaa? Mama hakuwa na taka. Machicha ya nazi yalikwenda kwa kuku wake wa darini, maganda ya ndizi kwa mbuzi wa jirani, na miba ya samaki kwa paka waliomngoja ngazini kama wageni wa harusi. Ndiyo kwanza tumefika kutoka Unguja, nyumba haina hata feni, lakini kila jioni ilinukia tui na iliki, na weye ukirudi kazini unauliza kilichopikwa kabla hujatoa salamu. Lile boksi la mashine lilikaa mezani, nami nimekaa mbele yake nawakumbuka watu wote.

Basi fundi aliyeagizwa na Reem hakutokea. Tuna jirani, tunamwita Baba Aseel, mgane wa makamo yako, kahamia nyumba ya pili kuishi na bintiye baada ya kufiwa. Kiswahili chake cha Unguja kabisa. Aseel akasema babake hawezi kupata usingizi akijua kuna kitu kipya kimelala kwenye boksi. Akaja na vyombo vyake, na Aseel akaja naye akakaa nasi, usije ukafikiria vingine.

Alizima umeme kwanza, hilo nilimsifu. Akalitoa bomba la zamani, akapaka gundi kuzunguka tundu la sinki, akaipandisha ile mashine nzito kama jiwe, na mie namsomea maelezo ya kitabuni kwa miwani ya Reem. Tulipofungulia maji, yalimwagika yote kabatini. Alikuwa kaupindua mpira wa kuzuia maji, upande wa juu kauweka chini. Nikamwonyesha picha; akasema picha ndiyo iliyopinduka. Tulicheka, kaka, hata Aseel akatuuliza kama tuna wazimu. Akaufungua, akaugeuza, maji yakakata.

Tukanywa kahawa tukizungumza ya zamani, kama wanavyofanya watu wa Unguja wakikutana. Nikaitaja Matrah, nikalitaja duka la vitambaa, nikakutaja na weye kwa jina. Akakitua kikombe, akaaga.

Kesho yake mashine ikagoma. Ilinguruma tu bila ya kuzunguka, kisha ikanyamaza kabisa. Akarudi na Aseel, akazima umeme, akalala chali, kichwa kabatini na miguu nje. Akanieleza kuwa ikikwama hujizima yenyewe isije ikaungua. Chini yake pana tundu, unatia kifunguo kilichopinda unaizungusha kwa mkono mpaka ilegee, halafu unabonyeza kitufe chekundu. Akaniuliza nimeilisha nini. Nikasema machicha, na mabua ya mchaichai. Akasema machicha kidogo kidogo itayala, lakini mchaichai nyuzi zake hujisokota kama kamba, nisiutie tena. Basi yeye anazungusha kwa chini, mie navuta nyuzi kwa koleo kwa juu.

Aseel alikuwa katoka kwenda ukumbini kujibu simu, mlango u wazi. Ndipo ile sauti ikatoka kabatini ikaniuliza kama kakangu Sinan aliwahi kuniambia kuwa kijana wa duka la majiko alikuja kuniposa. Nikamjibu kuwa hakuja mtu. Akasema alikuja. Ulimpokea vizuri, ukampa halwa na kahawa, kisha ukamwambia binti keshaposwa.

Kaka, wakati ule mie sikuwa nimeposwa na mtu. Na Baba Aseel ndiye yule kijana mwenyewe, Khattab wa duka la majiko.

Sitakuficha, nilikasirika. Nilimwambia atoke huko aniambie usoni. Akatoka na nyuzi za mchaichai kwenye ndevu, na nusu ya hasira ikaniondoka palepale. Nusu iliyobaki ilikuwa yako. Ndiyo maana ulinipigia wiki ile nisipokee.

Halafu nikakukumbuka ulivyokuwa. Kijana, baba katufia, mama halali, na nyumba nzima inakutazama weye. Khattab kwao Qurayyat, na njia ya huko zama zile ilikuwa mawe matupu. Naamini ulichelea mama asinione tena. Na Bakhit uliyenioza, Mola amrehemu, alinitunza, akanipa Reem, na sijutii siku hata moja niliyokaa naye. Ila ulinijibia, kaka, bila ya kuniuliza. Hilo lilinichoma, na kwa kuwa nimeshalisema, limekwisha.

Juzi Khattab kaniuliza mwenyewe, mbele ya Reem na Aseel. Nimemjibu, na watoto wameridhia. Umebaki weye, walii wangu wa kuniozesha, na sitaki ndoa isiyokuwa na radhi yako. Atakupigia simu Ijumaa baada ya sala. Safari hii ukimwambia kuwa nimeshaposwa, utakuwa umesema kweli: nimeposwa na yeye.

Wape salamu wote wa nyumbani, wakubwa kwa wadogo, na Mola akuhifadhi mpaka tuonane.

Ni mie mdogo wako akupendaye,
Rahila